Mgeni anayechota udongo alfajiri: vijana wanataka kumchoma Jumamosi, nifanye nini?

MamaDuka_Ikolomani (mwanzisha uzi)
Jumatano, saa 3:40 usiku

Mulembe wadau. Naandika haraka kwa sababu stima zimepotea tangu mchana na simu imebaki na chaji kidogo.

Kijijini kwetu huku Ikolomani, Kakamega, kuna mgeni. Aliingia baada ya mahindi kuvunwa, akakodi nyumba ya jirani yetu ambaye familia yake yote iko Nairobi. Kodi alilipa taslimu, miezi kadhaa mbele, bila kuomba apunguziwe hata shilingi kumi. Maneno yalianzia hapo. Nani analipa kodi bila kubembeleza?

Ni mwanamume wa makamo, ana pikipiki, Kiswahili chake ni safi. Kiluhya anaelewa lakini hakijibu. Kanisani haendi, Jumamosi wala Jumapili. Kwenye pombe ya busaa haketi. Tulipokuwa na matanga hapa juu alileta mchango wake dukani kwangu nimpelekee, yeye mwenyewe hakukanyaga. Huku kwetu unaweza kukosa harusi ya mtu na usiulizwe. Matanga utaulizwa.

Shida yenyewe ni alfajiri. Kabla jogoo hajamaliza, anatoka na begi mgongoni na kurunzi kichwani. Mke wa liguru, mzee wetu wa kijiji, alimkuta amepiga magoti kwenye kichuguu cha kwao, anakwangua udongo kwa kijiko kirefu cha chuma. Anaupepeta kwenye kichungi kama cha chai, anautia kwenye kifuko cha kaki, anaandika namba, anafunga kwa uzi. Kisha akainua simu juu kuelekea mbinguni, akangoja, akaitazama, akaandika tena. Mama wa watu alirudi nyumbani bila kuni.

Kichuguu kwetu kina mwenyewe. Mvua ikianza na kumbikumbi wakitoka, hakuna anayeweka ndoo kwenye kichuguu cha mwenzake. Na habari za mtu kuchota udongo uliokanyagwa na mwenzake nadhani hamhitaji niwaeleze.

Sasa mtoto wa boma la pili kutoka hapo amepata homa kali ya ghafla. Vijana wa boda wanasema Jumamosi, mafahali wakimaliza kupigana, watapitia kwake "kumsalimia". Petroli haiwasumbui, kila mmoja ameikalia.

Liguru anasema hajapata malalamiko rasmi. Mume wangu yuko kazini Nakuru, ananiambia nifunge duka mapema na niwache mambo ya watu. Nifanye nini?

---

Kijana_wa_Milimani
Jumatano, saa 3:52 usiku

Huyo ni mkimbiaji wa usiku aliyesoma. Anaandika namba ili asirudie boma moja mara mbili 😂

---

SenjeWaKhayega
Jumatano, saa 4:05 usiku

Wewe wa Milimani huwajui. Mkimbiaji wa usiku hukimbia uchi, hurusha mchanga juu ya mabati, na huwa na mke anayemfungulia mlango akirudi. Hakodi nyumba. Ana boma lake, tena unamjua na mnasalimiana vizuri mchana. Na kurunzi ya kichwani ya nini, aonekane?

Mama Duka, huyo mtoto amepimwa malaria? Kabla ya kichuguu, tuanze na zahanati.

---

MamaDuka_Ikolomani
Jumatano, saa 4:11 usiku

Amepimwa leo jioni, senje. Ni malaria, amepewa dawa. Lakini nikiwaambia watu, wananijibu, "na hiyo malaria imetumwa na nani?"

---

Omogusii_Mtulivu
Jumatano, saa 4:30 usiku

Mimi ni mtu wa Kisii na katika huu uzi sitacheka.

Mei 2008 huko kwetu watu 11 walichomwa kwa usiku mmoja tu wa maneno kama haya. Wengi wao walikuwa wazee wasioweza kukimbia. Oktoba 2021, Marani, wakauawa akina mama wanne wakongwe, kwa sababu kijana mmoja alipatikana mahali hajiwezi na watu wakataka jibu la haraka. Nimewahi kukaa na familia iliyochomewa nyumba. Miaka mingi imepita, na ukimuuliza yeyote pale nani alianza kusema, hakuna anayekumbuka. Wanachokumbuka wote ni shamba limebaki mikononi mwa nani.

Kwa hivyo Mama Duka, mtoto tayari ametibiwa. Angalia ni nani anayesema kwa sauti kubwa kuliko wote, halafu jiulize akichomwa huyo mgeni, nani anapata usingizi.

Na msisubiri Jumamosi. Chifu, naibu wake, kituo cha polisi, wote wapigiwe kesho.

---

Wakili_wa_Kijijini
Jumatano, saa 4:48 usiku

Naongezea hapo. Sheria ya Uchawi, Sura ya 67, ipo tangu 1925 na bado inafanya kazi. Wengi wanajua inamwadhibu anayejifanya mchawi. Wasichojua ni kwamba kumtangaza mwenzako kuwa mchawi nako ni kosa, isipokuwa kama unapeleka malalamiko kwa chifu, polisi au mwenye mamlaka. Kwa hivyo wanaosema stejini pale boda wako upande mbaya wa sheria hata kabla hawajagusa kiberiti.

---

Kijana_wa_Milimani
Jumatano, saa 4:55 usiku

Haya nimenyamaza. Lakini mimi bado naona ni jasusi. Uchaguzi hauko mbali.

---

Mpima_Mawe
Alhamisi, saa 12:20 asubuhi

Nimesoma hii habari kwenye matatu nikaguna kwa sauti, jirani akanitazama.

Kichungi, kijiko kirefu, kifuko cha kaki chenye namba, simu inayoelekezwa juu. Mama, huyo mtu anachukua sampuli. Simu anaiinua ili setilaiti zimpe mahali kamili alipo. Kazi hii nimeifanya nikiwa kwenye mafunzo, na mbwa wamenikimbiza mara nyingi kuliko ninavyopenda kusema.

Mnauliza kwa nini kichuguu. Mchwa huchimba chini sana kutafuta maji na udongo wa kujengea, na kila chembe wanaipandisha juu. Anayetaka kujua kilicho chini bila kuchimba shimo huchukua udongo wa kichuguu na kuupeleka maabara. Dhahabu yenyewe hutaiona kwa macho, maabara inatafuta sehemu chache tu katika bilioni. Wanapima pia aseniki, kwa sababu mara nyingi huandamana na dhahabu. Namba zikishajaa kwenye ramani unaona mstari: hapa imepanda, hapa imeshuka. Wakipata mstari unaowapendeza ndipo huja mashine ya kutoboa.

Na Ikolomani si mahali pa kubahatisha. Mawe ya kutoka Kakamega kushuka hadi Migori ni ya kale sana, yana miaka zaidi ya bilioni 2.5, jamii moja na yale ya Geita kule Tanzania. Akina mama wa huko wanaponda mawe na kuosha kwenye karai kila siku. Mnashangaaje mtu akija kutafuta dhahabu?

Mimi kinachonishangaza ni alfajiri. Kazi halali hufanywa saa mbili asubuhi, umevaa koti la rangi ya machungwa, una barua mfukoni, na kijana wa pale kijijini unamlipa akubebee begi na kukutambulisha kwa wenye mashamba. Anayefanya gizani, peke yake, hajaomba ruhusa ya mtu.

---

MamaDuka_Ikolomani
Alhamisi, saa 1:15 asubuhi

Mpima Mawe, ubarikiwe, nimepumua. Halafu nikaingiwa na wasiwasi mwingine.

Kwangu dukani hununua kwa pesa mkononi siku zote. Sigara hapana, mkate, sabuni ya kipande, betri. Juzi hakuwa na chenji akalipa kwa M-Pesa. Jina lililokuja kwenye ujumbe si lile analotaka watu wamwite. Hata halikaribii. Nimelitazama sana. Niliandike hapa mnisaidie kumtafuta?

---

Admini
Alhamisi, saa 1:22 asubuhi

Hapana. Majina, namba za simu na picha za huyo mtu hazitawekwa humu. Atakayeweka nitafuta na kumfungia. Mama Duka, ujumbe usiufute, uonyeshe chifu.

---

SenjeWaKhayega
Alhamisi, saa 1:40 asubuhi

Admini leo umeamka vizuri.

---

Mzee_wa_Rosterman
Alhamisi, saa 5:10 asubuhi

Wanangu, nimestaafu na nina muda, nivumilieni.

Mgeni wa kwanza kuinama kwenye mito yetu na karai alikuja 1931. Alikuwa Mmarekani, mkulima wa upande wa Turbo aliyekuwa amefilisika kwa bei ya mahindi kuanguka. Alipopata dhahabu na habari zikatoka, Wazungu walimiminika Kakamega, mahema kila mahali, hasa wakulima waliokuwa na madeni. Marehemu nyanya yangu alikuwa msichana mdogo. Alisema watu walidhani wanatafuta mahali pa kuzika kitu, kwa sababu walichimba mashimo marefu membamba, wakatazama, wakayaacha wazi. Ng'ombe walivunjika miguu.

Sasa sikilizeni sehemu ya sheria. Mwaka 1930 serikali ya mkoloni ilikuwa imepitisha sheria ya ardhi za wenyeji, ikaahidi kwamba ardhi ya Mwafrika ikichukuliwa, atapewa nyingine ya kiasi kile kile. Wino haujakauka. Desemba 1932, dhahabu imeshaonekana, wakaibadilisha: sasa unaweza kulipwa pesa tu na usipewe ardhi, tena baraza la wenyeji si lazima liulizwe kwanza. Hata kule London ilileta kelele, bungeni na magazetini. Kelele hazikumrudishia mtu shamba.

Mgodi wa Rosterman ulifungwa 1952. Leo Rosterman ni mtaa, watu wamepanga vyumba, na bado wapo wanaoshuka kwenye mashimo ya zamani kukwangua mabaki. Nimezika watu wawili wa ukoo waliofukiwa humo msimu wa mvua.

Kwa hivyo mimi sina haja ya kujua huyo kijana anaabudu wapi. Ule udongo unaenda kwa nani?

---

Macho_ya_Migori
Alhamisi, saa 8:30 mchana

Mzee ameuliza la maana. Mimi ni mchimbaji upande wa Macalder, nitasema nilivyoona huku.

Hawa watu wa mwanzo huwa hawajui chochote. Wanalipwa kwa kifuko. Nyuma yao kuna dalali, nyuma ya dalali kuna mtu mwingine ambaye hutamwona mpaka siku shamba linazungushiwa ua. Kwanza anakuja wa udongo. Anafuata rafiki mwema wa kununua soda na kuuliza shamba hili la nani, hati iko kwa nani, mzee alifariki lini. Anaomba usaini karatasi, "ni ya kuonyesha tu kwamba tumeongea". Unapewa elfu kumi au ishirini, unaambiwa si ya kununua shamba, ni shukrani. Sisi tulisaini. Karatasi ilikuwa ya Kiingereza, kurasa nyingi, na kopi hatukuachiwa.

Muulizeni kama ana daftari. Wote huwa nalo.

---

Wakili_wa_Kijijini
Alhamisi, saa 9:05 alasiri

Hiyo karatasi ndiyo kiini, niieleze polepole.

Sheria ya Madini ya 2016 inasema madini yote ni ya Jamhuri, yako chini ya serikali ya kitaifa kwa niaba ya wananchi. Kwa hiyo hata ukipata kipande cha dhahabu chini ya kitanda chako, kisheria udongo ni wako na dhahabu si yako. Lakini sheria hiyo hiyo, kifungu cha 37, inasema leseni ya kutafuta au kuchimba haitolewi juu ya ardhi ya mtu binafsi bila idhini ya mwenyewe aliyesajiliwa. Hapo ndipo mna nguvu. Kisha inaongeza: ukiwa umeingia mapatano ya kisheria na mwombaji yanayomruhusu kutafuta au kuchimba, utahesabiwa kuwa umekubali. Mmeona karatasi ya "tumeongea tu" inaweza kwenda kufanya kazi gani?

Mrabaha, yale malipo ya mchimbaji kwa serikali, ukija kulipwa siku moja, mgawo ni asilimia 70 serikali ya kitaifa, 20 kaunti, 10 jamii ya pale. Wenye kuota magari waanze kuhesabu kutoka hapo.

Swali langu kwa Mama Duka: mashamba ya hapo yamehamishwa kwa walio hai, au bado yako kwa majina ya marehemu?

---

MamaDuka_Ikolomani
Alhamisi, saa 9:20 alasiri

Karibu yote ni ya marehemu. La kwetu liko kwa jina la kuka, babu yake mume wangu. Watoto na wajukuu wamegawana kwa mipaka ya miti tu.

---

Wakili_wa_Kijijini
Alhamisi, saa 9:26 alasiri

Nilijua. Basi mjukuu mmoja hana uwezo wa kusaini chochote kwa niaba ya shamba hilo kabla ya mahakama kutoa barua za usimamizi wa mirathi. Anayegusa mali ya marehemu bila hizo barua anavunja kifungu cha 45 cha Sheria ya Urithi, na anaweza kushtakiwa. Mpelekeeni naibu wa chifu hilo pia.

---

MamaDuka_Ikolomani
Jumamosi, saa 2:30 usiku

Nimerudi. Samahani kwa kuwaweka roho juu, hakuna aliyechomwa.

Alhamisi jioni nilifunga duka nikaenda kwa liguru na mke wake, yule aliyeona kichuguu. Nikamsomea liguru maneno ya Omogusii Mtulivu na ya Wakili kutoka kwenye simu. Aliposikia kwamba anayemtangaza mtu mchawi naye ana kosa, alivaa viatu. Naibu wa chifu alikuja Ijumaa asubuhi na askari wawili, baraza likaitwa chini ya mwembe, na mgeni akaitwa kama mtu wa Nyumba Kumi yetu ambaye hajawahi kujitambulisha.

Alikuja mwenyewe, amebeba begi lake. Wakamwambia alimwage. Vifuko vya kaki vikajaa kwenye gunia, wazee wakarudi nyuma hatua moja kama vile vitalipuka. Liguru akafungua kimoja, akanusa, akasema, "Ni udongo." Watu wakacheka na ile hofu ikapungua papo hapo.

Alieleza bila kugombana. Ni mtu wa Busia. Analipwa kwa kifuko, pesa zinatoka kwa mtu aliye Nairobi ambaye hajawahi kuonana naye, wanaongea kwa simu tu. Leseni hana, wala hajui kama aliyemtuma anayo. Aliambiwa afanye alfajiri ili "asisumbue watu". Kuhusu jina, akasema jina analotumia aliambiwa alitumie. Naibu wa chifu akaandika hilo mara mbili.

Macho ya Migori, daftari lilikuwepo! Namba ya kifuko, kina cha shimo, rangi ya udongo, halafu jina la mwenye shamba. Mistari mingine ilikuwa na alama ya vema kwa kalamu nyekundu. Naibu wa chifu akauliza hizo vema ni za nini. Akanyamaza. Akaulizwa tena. Akasema hao ni wale waliokwisha kusaini na kupokea.

Wakasomwa mbele ya watu. Wa tatu alikuwa shemeji yangu, ndugu mdogo wa mume wangu. Shamba la kuka.

Na wadau, shemeji ndiye mwenyekiti wa steji ya boda. Yeye ndiye aliyesema Jumamosi tutamsalimia.

---

Omogusii_Mtulivu
Jumamosi, saa 2:37 usiku

Nilikuwa nangojea hapo.

---

SenjeWaKhayega
Jumamosi, saa 2:41 usiku

Woi! Kwa hivyo mgeni angechomwa na daftari lake, na pesa zingebaki zimeliwa kimya kimya?

---

Mpima_Mawe
Jumamosi, saa 2:50 usiku

Tusiende mbio. Inawezekana alisaini kwa dalali mwingine kabisa na hakujua kwamba wa udongo na wa karatasi ni kundi moja. Nimeona hivyo.

---

MamaDuka_Ikolomani
Jumamosi, saa 3:05 usiku

Nami nimelifikiria hilo. Aliulizwa palepale. Alisema alipewa shilingi elfu kumi na tano na mtu mwingine mwenye gari jeupe, na huyu wa pikipiki hakujua ni wao. Niliangalia uso wake. Mimi simwamini, mama mkwe anamwamini, na usiku huu ndani ya boma letu hakuna anayemsemesha mwenzake.

Kituko ni leo. Baada ya mafahali, wale wale vijana walimfuata mgeni hadi nyumbani kwake, na mimi nikatoka mbio nikijua yameanza. Nikawakuta wamemzunguka wanamwita "injinia", kila mmoja anamwelekeza kwenye kichuguu cha kwao. Mmoja amekuja na udongo wake mwenyewe kwenye mkebe wa rangi.

---

Kijana_wa_Milimani
Jumamosi, saa 3:09 usiku

Mkebe wa rangi 😭 kwetu Nakuru tungekuwa tumeshaanzisha chama cha akiba.

---

Mzee_wa_Rosterman
Jumamosi, saa 3:30 usiku

Waambie wasimpe hata kijiko. Na mwambie shemeji yako aache kujificha nyuma ya gari jeupe, atafute ile karatasi. Bila karatasi mtapigana na hewa.

---

Wakili_wa_Kijijini
Jumamosi, saa 3:44 usiku

Kwa mpangilio, Mama, kwa sababu Jumatatu haiko mbali.

Kwanza nendeni afisi ya ardhi ya kaunti mkafanye upekuzi rasmi wa hiyo namba ya shamba, muone kama kuna kitu kimeshaandikishwa. Kama bado, mume wako kama mrithi aweke zuio, ile watu huita kosheni, ili lisifanyiwe lolote bila yeye kujulishwa. Atajaza fomu na kuapa kiapo kueleza maslahi yake. Hiyo ni kazi ya asubuhi moja. Mirathi ya kuka itachukua muda zaidi lakini ianzeni, barua ya chifu ya kutaja warithi ndiyo mlango. Halafu shemeji aandike kwa mkono wake alichosaini, lini, na kiasi alichopokea, mbele ya naibu wa chifu. Asirudishe pesa kwa mtu yeyote kabla ya hilo kuandikwa, kwa sababu akirudisha kimya kimya hana ushahidi kwamba alikataa.

Na wale wengine wenye vema kwenye daftari wafanye vivyo hivyo. Kwa pamoja, siku moja, ili asiwepo wa kununuliwa peke yake.

---

MamaDuka_Ikolomani
Jumanne, saa 12:50 jioni

Tumetoka Kakamega sasa hivi. Mume wangu alifika usiku wa Jumapili na basi, amekasirika, lakini amekuja. Upekuzi umeonyesha shamba liko safi, bado ni la kuka. Zuio limepokelewa, tuna risiti. Wengine waliosaini wamefuata, isipokuwa mmoja anayesema dhahabu ni yake na hataki kelele za wanawake.

Shemeji ameandika. Aliandika akilia, sijui ni kwa ajili ya nani.

Mgeni bado yupo. Naibu wa chifu amemzuia kuondoka mpaka atoe namba ya aliyemtuma, na vifuko viko kwenye kabati la afisi. Jana jioni alikuja dukani kama kawaida akachukua mkate na betri, akalipa kwa M-Pesa bila kuulizwa. Nikamwambia Jumamosi kuna matanga mengine kule chini, na safari hii mchango wake sitaubeba.

---

SenjeWaKhayega
Jumanne, saa 1:02 usiku

Na kichuguu cha mke wa liguru? Mvua zikianza, nani atamlipa kumbikumbi wake?

---

Wakili_wa_Kijijini
Jumanne, saa 1:15 usiku

Senje, fidia ya uharibifu wa mali inadaiwa kwa aliyeharibu. Apige picha kichuguu leo kabla hakijazibwa na mchwa wenyewe.